Ersilia Barovero, Aliyetusomea Sinema

Marehemu Ersilia Barovero, dada yangu mkubwa, alizaliwa hapa Montefosco, mkoa wa Cuneo, tarehe 14 Machi 1893, mtoto wa kwanza wa Secondo, fundi mapipa, na mkewe Marianna. Alisoma madarasa matatu tu, lakini alisoma kweli. Hata gazeti lililofungiwa chumvi hakulitupa kabla ya kulimaliza.

Akiwa na miaka kumi na mmoja aliingia kiwanda cha hariri, mikono ndani ya maji ya moto, akadumu huko miaka thelathini na miwili. Jumapili mchana alikuwa na kazi nyingine. Sinema zisizo na sauti zilipoletwa kwenye ukumbi wa soko, yeye ndiye aliyesimama kando ya pazia jeupe kuwasomea maneno wasiojua kusoma, yaani karibu sote.

Novemba 1913 ikaja sinema ya mji mdogo kama wetu: baba anamfukuza binti yake aliyezaa bila ndoa, na binti anafia mlangoni kwenye theluji. Mwaka huo huo baba yetu alikuwa amenifukuza mimi, kwa kosa hilo hilo. Nilikuwa nimejibanza kwa Pinota, mfua nguo, na mwanangu Amedeo wa miezi mitatu, na baridi ndiyo hiyo inaingia. Baba alikaa benchi la tatu. Maandishi yalisema binti amekufa. Ersilia akasoma: "Ingia ndani, mwanangu, mlango u wazi."

Mfamasia, aliyejua kusoma, akasema sivyo ilivyoandikwa.

"Bwana mfamasia, wewe tusomee chupa zako," Ersilia akamjibu. Ukumbi ukacheka. Naye Attilio Ghione, aliyekuwa akizungusha kwa mkono mtambo wa sinema, akaacha kuzungusha kabla jeneza halijatokea kwenye pazia.

Baba alitoka pale akaja moja kwa moja kwa Pinota. Akaniambia, "Mchukue mtoto. Polenta inapoa mezani." Jambo hilo hakulitaja tena mpaka kufa kwake.

Mwaka uliofuata Ersilia aliolewa na Attilio. Alisema mwanamume anayejua pa kuachia si wa kupoteza. Walijaliwa binti mmoja, Nives.

Kifua kilimsumbua tangu Oktoba. Alifariki nyumbani kwake asubuhi ya tarehe 9 Februari 1966, baada ya kumsahihisha padri zaburi.

Nimeshauriwa habari ya sinema isisomwe kaburini. Nimeisoma. Herufi hizi alinifundisha yeye, na nimeandika kama ilivyokuwa.

Ameacha binti yake Nives, wajukuu wanne, Amedeo aliyebeba jeneza lake leo, na mimi mdogo wake, Clotilde.

Ingia upumzike, dada. Mlango u wazi.