Sindano na Mashine ya Njia

Mheshimiwa Waziri, Mwenyekiti wa Bodi ya makumbusho yetu, Mkurugenzi, ndugu wageni waalikwa, familia ya mstaafu wetu, nanyi wafanyakazi wenzangu mliosimama huko nyuma kwa kuwa viti vimewaishia: habari za mchana.

Nimeombwa nimuage mtu niliyefanya naye kazi tangu nilipoajiriwa. Jina lake mmelisoma kwenye mwaliko. Sisi humwita Sindano, kwa sababu husafisha vitu vya kale kwa ncha ya sindano, chembe kwa chembe, na kwa sababu akikukosoa unachomwa wala hutoki damu.

Wengi wenu mmeiona mashine iliyo chumba cha chini: duara za shaba zilizopangwa moja ndani ya nyingine, sinia pana la nta, na msumari mwembamba unaochora juu ya nta hiyo bila kusukumwa na mtu. Ilifukuliwa ardhini ikiwa imeganda kwa kutu, na Sindano ndiye aliyeiamsha. Wako waliosema ni kalenda, wako waliosema ni saa ya kusomea nyota. Yeye aliitazama ikichora mpaka akatambua kuwa ni ramani. Mstari mmoja mnene ndio njia tunayoishi. Mistari myembamba iliyo pembeni ni njia ambazo maisha yetu yangeweza kupita. Na mara mojamoja unene huo huhama. Mstari mwembamba hugeuka mnene, nasi sote hujikuta upande wa pili, tukiapa kwamba ndiko tulikokuwa tangu kuzaliwa. Anayekumbuka tulikotoka ni yule tu aliyekuwa chumbani na mashine.

Mara ya kwanza alitoka akauliza ni nani aliyepaka ukumbi huu rangi ya kijani. Tukamjibu umekuwa wa kijani tangu ujengwe. Tulicheka, tukasema dada apewe likizo. Je, ninyi msingecheka?

Kisha ikaja siku moja, adhuhuri, jua likiwaka. Sindano aliingia ofisini kwangu akitokea chumba cha chini, akaketi bila kukaribishwa, akautazama mkono wangu.

“Mdogo wangu, pete yako iko wapi?”

“Pete gani, dada?”

Rangi ilimtoka usoni. Akainuka aondoke; nikamzuia mlangoni, nikambana mpaka akasema. Alisema nilikuwa na mume. Fundi wa lifti, mrefu, mwenye kupenda kuimba akiwa na chakula mdomoni. Alisema yeye mwenyewe alicheza kwenye harusi yetu mpaka kisigino cha kiatu kikang'oka. “Alikuwa anakoroma,” akaniambia. “Ulikuwa unanilalamikia kila Jumatatu.”

Mimi sijawahi kuolewa, ndugu zangu. Nilimcheka. Lakini jioni nilipofika nyumbani nilisimama mlangoni mwa chumba changu, nikakiona kitanda changu kama cha mtu mwingine. Siku zote nimelala ukingoni, upande wa ukuta. Siku zote nimepika wali unaobaki. Nimemwachia nani nafasi hiyo yote, mimi niliyeishi peke yangu?

Kesho yake nilimfuata chumba cha chini. Nikamuuliza kama njia yaweza kurudishwa. Akanionyesha mkono wa shaba wa kuigeuzia, ulio ubavuni mwa mashine, na mstari mwembamba kwenye nta, bado mbichi.

“Basi ugeuze,” nikasema.

Akaufuta mkono ule wa shaba kwa kitambaa chake cha kazi. Halafu akasema, “Kwenye njia ile nilimzika binti yangu, akiwa na miaka kumi na minne. Jana nilipofika nyumbani nilimkuta jikoni anakaanga mayai. Mtu mzima. Akaniuliza kwa nini nalia.”

Mheshimiwa Waziri, Sindano angeweza kunyamaza. Nani angejua? Nisingedai nisichokumbuka. Badala yake aliuchukua mkono wangu, akauweka juu ya shaba ile, baridi kama maji ya mtungi. “Mimi nimepewa, wewe umenyang'anywa,” akasema. “Siwezi kuwa mwizi na hakimu. Amua wewe.” Akatoka, akafunga mlango.

Nilisimama pale na wanadamu wawili mkononi: mmoja sikumjua sura, mwingine nilikuwa nimemwona akikua. Msumari ulikuwa unakwaruza nta taratibu, kama kucha ya mtu aliye upande wa pili wa ukuta. Nikauondoa mkono wangu. Nilimkuta Sindano amekaa kwenye ngazi, amejifunika uso kwa kitambaa chake cha kazi. Alinishika bega tukapanda juu.

Binti huyo ameketi hapa mbele, na ndiye aliyeniruhusu niyaseme haya. Kila jioni humsimulia mama yake miaka ambayo mama huyo hakuishuhudia, tangu ile ya kumi na minne: shule ya sekondari, magonjwa, mshahara wa kwanza. Mama husikiliza kama mgeni, kisha huomba arudiwe.

Bodi imekubali ombi la mstaafu wetu: mkono ule wa shaba umeondolewa, nao utayeyushwa. Mashine itaendelea kuchora, ila hapatakuwa na wa kuigeuza.

Leo asubuhi aliingia chumbani mle mara ya mwisho, peke yake, kuaga. Nilimngoja mlangoni. Alipotoka alinitazama, akaangalia nyuma yangu, kisha akaangalia huku na huku kwenye korido.

“Kuna kilichohama?” nikamuuliza.

“Twende,” akasema, “wageni wasingoje.”

Lakini tulipofika ukumbini aliomba kiti kimoja kiongezwe safu ya mbele, kando ya binti yake. Sikumuuliza ni nani tuliyemsahau. Mnakiona, ni kile pale. Nawaomba msikikalie, hata ninyi mliosimama.

Dada, tunakushukuru kwa kutukumbukia. Nanyi nyote, asanteni kwa kunitegea sikio.