Wimbo Usioandikwa Jina: Maisha ya Mwalimu Anselmi Nathanaeli Chiteme

Mwalimu Anselmi Nathanaeli Chiteme, tunayemzika leo, alizaliwa tarehe 14 Machi 1951 kijijini Mlali, wilaya ya Kongwa, akiwa mtoto wa tatu wa marehemu mzee Nathanaeli na marehemu mama Stumai, akasoma hapo hapo Mlali, akajifunza ualimu, na tangu Januari 1972 hadi alipostaafu Juni 2011 alifundisha shule nne za mkoa huu, akiwa pia mwalimu wa kwaya parokiani.

Tarehe 6 Septemba 1975 alifunga ndoa na Bi Sidonia, wakajaliwa watoto watatu, Violeth, Edward na Elieza.

Mwaka 1983 alitunga wimbo “Bwana, Tazama Shamba Letu”, akaurudufu kwa stensili, na kwa desturi ya watunzi wa parokia ile hakuweka jina lake, bali aliandika chini ya karatasi “Kwa sifa ya Mungu”, maana kujitaja kulihesabiwa kuwa ni kujikweza.

Mwaka 2016 Bwana Ambokile, aliyeimba besi katika kwaya yake, aliurekodi studio, akaulizwa mtunzi ni nani, akaandika jina lake mwenyewe. Marehemu aliusikia redioni nyumbani kwake mtaa wa Area D, akafurahi, mpaka mtangazaji alipomtaja mtunzi. Hakudai fedha, alitaka jina tu. Alikwenda ofisi ya hakimiliki mara saba na karatasi yake, na kila mara aliulizwa kwa upole jina lake liko wapi hapo, na wanakwaya ambao wangemtolea ushahidi walikuwa wamekwisha kufariki. Bwana Ambokile alipopigiwa simu alimwamkia shikamoo mwalimu, akasema wimbo ameshauuza kwa kampuni, hata yeye hana uwezo nao tena.

Tarehe 11 Februari 2024 marehemu alipata kiharusi, kauli ikapotea, akawa anaonyesha karatasi ile kwa kidole, Bi Sidonia anamwekea mkononi, na zaidi ya hapo hakuna aliloweza kumfanyia. Alifariki tarehe 19 Mei 2024, saa kumi na moja alfajiri.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, majirani wa Area D, walimu wenzake na wanakwaya.

Kwaya sasa itauimba wimbo huo. Kwa kuwa video ya jubilei ya kwaya, yenye wimbo huu, iliondolewa mtandaoni mwaka jana kwa madai ya wenye wimbo, tunawaomba wanaorekodi wazime simu na kamera zao mpaka kwaya itakapomaliza.

Mwalimu Anselmi, pumzika kwa amani.