Pete Isiyobishiwa

Ilikuwa Alhamisi, saa nne na robo asubuhi, miaka thelathini na nane iliyopita, nilipovishwa pete hii mbele ya wasomi mia tatu, na tangu saa hiyo, wanangu, hakuna mtu aliyenibishia tena. Sikilizeni, wala msinikatize, maana pumzi niliyobaki nayo ni ya safari moja, haitarudi kuchukua mzigo iliousahau.

Pete ya Nyumba ya Vitabu hutolewa mara moja katika miaka saba, na sharti lake mnalijua: aliyeivaa hasahihishwi, si yeye wala kitabu chake, maadamu pete iko kidoleni mwake au mwa warithi wake. Nilipokuwa msichana niliona hakuna heshima iliyozidi hiyo. Sikujua kwamba najengewa ukuta.

Kabla ya hapo nilifanya kazi na mwenzangu mmoja miaka ishirini, meza moja, kidau kimoja cha wino. Tulimwita Bi Hapana, kwa sababu kila namba niliyoandika aliitazama, akajikuna shingo kwa ncha ya kalamu, akasema, "Hapana, mwenzangu, hii namba imelewa." Tuligombana mpaka mfagiaji akatoka na ndoo yake. Nilikuwa narudi nyumbani nimenuna, nahesabu upya, namkuta yuko sahihi. Kile kitabu cha majira ya mwezi mdogo, ule wa pili angani, kiliandikwa na mkono wangu na hapana zake, lakini pete haivaliwi na wawili.

Siku ya pili baada ya kuvishwa nilimpelekea ukurasa mpya. Kalamu ikapanda mpaka shingoni, kisha akaishusha. "Sawa, mama," akasema. Mama, mtu tuliyepishana miezi miwili. Nikamwambia aache mzaha. "Sawa, mama." Haikupita wiki akahamishia kiti chake chumba cha pili, nami sikumfuata, nilidhani ni wivu, nikamwekea kinyongo mpaka alipozikwa mwaka jana. Deni hilo siwaachii ninyi, maana mdai wake hayupo.

Nanyi vilevile, wanangu. Wewe mwanangu, fundi mwashi, unabishana na kila mtu kazini mpaka na timazi yako ya kupimia ukuta, lakini hapa mezani umekuwa kondoo. Mnakumbuka siku niliyoinua kikombe cha chai nikasema kahawa hii ni nzuri? Mkaitikia wote, "Nzuri kweli, mama." Niliingia chumbani nikalia. Wanasema kimya kingi kina mshindo mkuu. Mimi nimekaa nacho miaka thelathini na nane, mshindo wake sijausikia.

Sasa sikilizeni jambo lenyewe. Bi Hapana alipokufa, nililetewa vitabu vyake, pamoja na nakala yake ya kitabu changu, imefungwa kwenye kitambaa chake cha kufutia kalamu. Kurasa zote zilikuwa safi, ila pembeni mwa mstari mmoja kulikuwa na nukta ya wino, ndogo kama kichwa cha sindano. Neno alikatazwa, nukta hakuna aliyemkataza. Mnajua mwezi mdogo ukipita juu ya mto, maji hugeuka yakarudi yalikotoka, na chombo kitakachokutwa katikati hakifiki ng'ambo. Mstari ule ni wa siku ya tisa ya mwaka ujao. Kitabu kinasema mto utageuka saa mbili kasorobo asubuhi. Nimehesabu upya: ni saa moja na dakika ishirini, wakati kivuko cha wanafunzi kiko katikati ya maji, na nahodha wake anafuata kitabu changu.

Nilikwenda Nyumba ya Vitabu kwa mkongojo. Nikawaambia nimekosea. "Ndiyo, mama." Basi rekebisheni. "Ndiyo, mama." Nahodha naye akanipa kiti, akanisifu, na kitabu kikabaki ukutani kwake vilevile. Mficha maradhi, kifo humuumbua. Mimi sikuficha, niliyatangaza, yakapigiwa magoti.

Kwa hiyo wosia wangu ni huu. Pete isirithiwe. Irudisheni, kitabu kifunguliwe, mstari ule ukatwe mbele ya nahodha. Najua, mwanangu, nyumba hii ilikuja na pete na itaondoka nayo, na watoto wako wanne wanalala humu. Umejengea watu nyumba. Jijengee na wewe. Usinililie kwa ajili ya paa.

Na wewe mjukuu wangu, mwanachuo, unayekula kucha kama karanga, vitabu vya Bi Hapana ni vyako, na karatasi ya hesabu yangu iko chini ya mto huu wa kulalia. Ichukue. Usiwe... usiwe na adabu nayo.

Mwanangu, nivue pete. Taratibu, kidole kimevimba. Hivyo. Kumbe huwa nyepesi hivi.

Mkae pamoja. Mbishane. Mungu awape... awape mtu wa kuwaambia hapana, na awape masikio. Funikeni miguu yangu. Basi.

Asubuhi yake, kabla chai haijachemka, mjukuu aliingia na karatasi mbili mkononi, kucha zimeliwa mpaka kwenye nyama. Alikuwa amehesabu mara tatu, akitumaini kila mara kwamba aliyekosea ni yeye. Bibi alikuwa bado anapumua, kwa vipande. Msichana akapiga magoti, akasogeza mdomo sikioni mwake.

"Bibi," akasema, "hapana. Umesahau ile siku ya ziada ya mwaka mrefu, na mwezi mdogo huwahi dakika nne kila siku. Siyo saa moja na dakika ishirini. Ni saa moja na dakika kumi na sita."

Macho hayakufumbuka. Lakini mkono usio na pete ukatoka chini ya blanketi, ukapapasa hewani, ukitafuta karatasi.

"Wapi?" bibi akanong'ona. "Nionyeshe."