Bi Mwanamize Maulid, Aliyemrudisha Mwana kwa Mamaye

Sote ni wa Mwenyezi Mungu, na kwake ndiko tunakorejea. Ndugu, jamaa na majirani mliofika leo, Jumatatu tarehe 8 Juni 2009, katika hitma ya Bi Mwanamize binti Maulid hapa Balsall Heath, Birmingham, haya ndiyo maisha yake kwa ufupi, kama wanavyoyakumbuka watu wa nyumbani kwake.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 Machi 1960 katika mtaa wa Mkunazini, Unguja. Alikuwa mtoto wa tatu wa Mzee Maulid, fundi wa kushona kanzu, na Bi Raisa, aliyekuwa akiitwa kupika katika harusi za mjini. Alikulia jikoni. Kabla hajajua kusoma alikwisha kujua kunusa: mama yake alimfumba macho kwa kitambaa, akamsogezea puani hiliki, mdalasini au karafuu, naye ataje. Akikosea walicheka wote wawili, na akipatia alilambishwa mwiko.

Alisoma skuli za hapo hapo mjini, akamaliza kidato cha nne mwaka 1977. Walimu walimsifu kwa insha na kumlaumu kwa kuzungumza darasani. Baada ya hapo alifuatana na mama yake kwenye masufuria makubwa ya harusi, na huko akaushika msimamo ambao hakuuacha maisha yake yote: chakula kizuri ni kilichochanganywa mapema kikapewa muda wa kukolea, na mgeni hashiki kitu ila kijiko.

Mwaka 1986 aliolewa na Bwana Idarous, na mwaka 1988 wakajaaliwa binti yao wa pekee, Asmahan. Bwana Idarous alipopata nafasi ya masomo, familia ilihamia Birmingham, Septemba 1991. Ndoa hiyo ilikwisha mwaka 1995, kwa wema, bila ya watu kuvunjiana heshima.

Mwaka uliofuata marehemu aliajiriwa jikoni katika nyumba ya kulelea wazee kule Harborne, na hapo alifanya kazi mpaka alipozidiwa na maradhi. Kila asubuhi, kabla ya kuvaa aproni, alipita chumba kwa chumba akiuliza, "Jana ulikula nini ukakipenda?" Aliyejibu kuwa hakupenda kitu, huyo ndiye aliyepikiwa kwanza.

Mwaka 1999 Bi Raisa alifariki Unguja. Karatasi za ukaazi za marehemu zilikuwa hazijakamilika, na habari ilimfikia kwa simu wakati mama yake yuko kaburini tayari. Tangu siku hiyo kulikuwa na jambo moja ambalo hakuweza kulisikia akanyamaza, nalo ni mtu kusema kwamba hasemi na mama yake.

Ndilo alilolisikia kwa Daud. Walikutana katika Ramadhani ya mwaka 2000, kwenye ukumbi wa msikiti ambako marehemu alikuwa akisaidia kupika futari. Daud, Mskoti mrefu, fundi wa matreni katika karakana ya Tyseley, alikuwa amesilimu mwanzoni mwa mwaka huo kwa hiari yake. Watu walipomaliza kufuturu alikunja mikono ya shati akaosha masufuria yote bila kuombwa. "Mwanamume anayekwangua ukoko wa chini," marehemu alimwambia binti yake, "huyo si wa kuachia apite." Walifunga ndoa tarehe 22 Septemba 2001.

Mama yake Daud, Bi Effie, hakuja. Aliishi peke yake karibu na mji wa Perth, Skotilandi, na kisa chake na mwanawe kilikuwa cha chakula. Tangu Daud ni mtoto, kila Agosti siku yake ya kuzaliwa ilipofika, mama yake alimtengenezea cranachan, kitindamlo cha kwao: oti, nafaka ya uji ya kwao, zilizokaangwa kavu, krimu iliyopigwa ikaumuka, asali, matunda mekundu ya rasiberi, na wiski. Agosti ya mwaka 2000 Daud alilisukuma bakuli. Alieleza sababu, lakini mama aliona bakuli tu. Alimwambia mwanawe kwamba asiyekula chake asije kwake. Aliposikia baadaye kuwa ameoa mwanamke wa Kiislamu, alikata shauri kwamba mwanamke huyo ndiye aliyemkataza.

Marehemu angeweza kuliacha jambo hilo. Alikuwa na mume, na mkwe alikuwa mbali. Lakini alimwona Daud akiishika simu na kuiweka chini bila kupiga, na akasema kwamba yeye hakuolewa ili awe sababu ya mtu kuzikiwa mama bila kuwapo. Akampigia Bi Effie mwenyewe. Alimwambia kuwa Jumamosi ya tarehe 10 Agosti 2002 mwanawe atakula cranachan Birmingham, na kwamba itakuwa vizuri mama yake awepo. Kisha Bi Effie akauliza treni za kurudi siku hiyo hiyo jioni ni saa ngapi.

Cranachan yenyewe marehemu hakuwahi kuiona. Aliifahamu kwa kuelezwa na mwenzake wa jikoni Harborne, Bi Manjit, aliyekuwa amewahi kuipika hotelini.

"Toa wiski humo, dada," Bi Manjit alimwambia, "kilichobaki ni uji uliopoa."

"Uji uliopoa umelea watu," akajibu marehemu.

Akaitengeneza kama alivyofunzwa na mama yake. Ijumaa alizikaanga oti, akapiga krimu, akatia asali, rasiberi za dukani na hiliki kidogo, akachanganya vyote kwa moyo mmoja, akaweka kwenye friji ili vikolee.

Bi Effie alifika na kopo la biskuti kwapani, limejaa rasiberi alizozichuma kwake, na mkoba alioushika kwa mikono miwili. Alikula pilau, sahani mbili. Kisha bakuli likaletwa. Oti zilikuwa zimekunywa krimu yote, na rasiberi zimevuja mpaka kitu chote kikawa na rangi ya waridi kama dawa ya tumbo.

"Hii umeitengeneza lini?" Bi Effie aliuliza.

"Jana, Bi Effie. Ili ikolee."

Bi Effie akachota kijiko, akakigeuza juu chini. Kilichokuwamo hakikuanguka. "Imekolea," alisema.

"Mama, hii si porridge tu?" aliuliza Asmahan, aliyekuwa na miaka kumi na minne na hakujaaliwa subira.

"Davie," Bi Effie alimwambia mwanawe, "hukuniambia kwamba nimeitwa kuja kuuguzwa." Akakiweka kijiko, akaitazama saa ya ukutani.

Daud aliinamia kitambaa cha meza. Marehemu alielewa vyema kinachoondoka na treni ile, kwani mtu wa umri wa Bi Effie, akisharudi kwao amevunjika moyo, hakuna wa kumtoa tena. Aibu ilimshika, maana yeye ni mpishi na mtoto wa mpishi. Akaimeza.

"Basi nifundishe," alisema.

"Hakuna cha kufundishwa. Kila kitu kinakaa kwenye bakuli lake. Mtu anajichanganyia mezani, anakula papo hapo."

"Mgeni ajitengenezee mwenyewe?"

"Mgeni, mwenyeji, kila mtu."

"Kwetu watu wangesema nimekunyima."

"Kwetu watu wangesema umenipangia," alisema Bi Effie.

Hapo wote wawili wakasimama, hakuna aliyejua nani kaanza, wakaingia jikoni. Marehemu alizikaanga oti upya kwa moto mdogo, akizigeuza kama anavyokaanga buni, mpaka harufu yake ikamfanya Bi Effie asogee karibu na jiko. Bi Effie alipiga krimu kwa mkono, akiikataa mashine. Vilipokuwa tayari, mgeni akafungua mkoba wake akatoa chupa ndogo ya wiski. Akaishika tu. Daud alikuwa amesimama mlangoni.

Marehemu hakuitazama chupa. Alimtazama mwenye chupa. "Bi Effie, hiyo ikitiwa humo, kazi yake nini?"

Bi Effie alifikiri. Ilionekana hajawahi kuulizwa. "Inauma," alisema. "Inauma kidogo, ili utamu usilale."

Marehemu akachukua tangawizi mbichi, akaiparuza, akaikamua kwa kitambaa ndani ya asali, akakoroga, akampa mkwewe kijiko. Bi Effie alionja, akakohoa, machozi yakamlengalenga.

"Imeuma?"

"Imeuma."

"Imezidi?"

"Nipe tena niamue."

Mezani, Bi Effie alijichotea oti, krimu, rasiberi zake mwenyewe na ile asali ya tangawizi, akachanganya mara chache tu ili oti zibaki kavu. Lakini hakula. Alilisukuma bakuli mpaka mbele ya Daud, bila kumtazama. Daud akasema Bismillahi, akala. Bi Effie alikaa akimwangalia mwanawe wa miaka arobaini akikwangua chini ya bakuli, na treni ya jioni ikaondoka bila yeye. Chupa ilirudi Perth kama ilivyokuja.

Kesho yake, akiwa amekwisha vaa koti, Bi Effie alimwambia marehemu, "Nilidhani ni wewe uliyemkataza."

"Alijikataza mwenyewe kabla hajanijua. Mimi nilipokuja nilimkuta anakulilia."

Kuanzia hapo walikutana kila Agosti, mwaka mmoja Birmingham, mwaka wa pili Perth. Marehemu aliupeleka hata mtindo ule Harborne. Aliwapangia wazee mabakuli madogo mezani, kila mmoja ajichanganyie atakavyo, na waliokuwa wakitetemeka mikono aliwashikia bakuli, si kijiko. Alisema kuwa kwa miaka arobaini aliamini ukarimu ni kumfanyia mtu kila kitu, na Mskoti mmoja akamwonyesha kwamba wakati mwingine ukarimu ni kumwachia nafasi.

Mwezi wa Oktoba 2008 marehemu aligundulika kuwa na saratani ya kongosho. Alitibiwa katika hospitali kubwa iliyo karibu na kazini kwake, na familia inawashukuru madaktari na wauguzi kwa upole wao. Machi 2009, alipoanza kushindwa kupanda ngazi, Bi Effie, akiwa na miaka themanini na moja, aliifunga nyumba yake akaja kukaa. Asmahan alimfundisha kupika uji wa mchele, naye akamnywesha mgonjwa kijiko kwa kijiko, akimgombeza kwa Kiskoti na kugombezwa kwa Kiswahili. Marehemu alipomwambia kwamba ajionee huruma, akalale, Bi Effie alijibu kuwa atalala Perth.

Marehemu alifariki nyumbani kwake asubuhi ya Ijumaa, tarehe 5 Juni 2009, baada ya kutamka shahada. Wanawake walipokuwa wakimwosha, Bi Effie alikaa kwenye kiti nje ya mlango wa chumba mpaka walipomaliza. Kina mama waliokuja kutoa pole hawakuuliza ni nani. Walimkuta mzee anayelia mlangoni, wakampa mkono wa tanzia yeye kwanza. Mazishi yalikuwa Jumamosi baada ya Adhuhuri.

Jana, wakati karatasi hii inaandaliwa, Bi Effie alimwomba Asmahan amsomee majina ya walioachwa, kwa lugha anayoielewa. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akauliza yeye amewekwa wapi, akaambiwa: chini, pamoja na wakwe.

"Mama yake mwenyewe yuko hai?" aliuliza, kama asiyejua.

"Alifariki, Bibi. Tangu 1999."

"Basi nafasi iko wazi," alisema Bi Effie. "Niwekeni hapo."

Bi Mwanamize ameacha mume, Daud, binti, Asmahan, kaka zake wawili walioko Unguja, na mama, Bi Effie.

Mola ampokee kwa rehema zake, amlaze pema pamoja na waja wake wema, na alipo apumzike kwa amani. Amin.