Hakimu Aliyenifundisha Kusema Hapana

Bwana asifiwe! Jamani, asifiwe tena, maana leo hamnitoi hapa mbele haraka. Mimi ni Mama Neema, mtoto wa Uvira, sasa wa Campbelltown, hapa Australia.

Ndugu zangu, mnanijua kwa kelele, lakini mbele ya mkubwa nilikuwa bubu. Kule kambi ya wakimbizi tulizoea hivyo: afisa akiuliza, unatazama chini, unasema ndiyo, unapita. Basi watu wa uhamiaji wakanipigia simu kuhusu viza ya mume wangu aliyebaki kambini. Wakauliza kama tumetengana kwa kupenda wenyewe. Nikajibu, "Yes, sir." Kwa adabu zangu! Viza ikakataliwa. Nililia mpaka sauti ikakauka. Wakili wa msaada wa sheria akapeleka kesi mahakama ya shirikisho, nami nikaapa siendi. Nikisikia neno hakimu tu, nilizima simu.

Ndipo korona ikafunga mji. Mimi nahudumia wazee katika nyumba moja kule Westmead, na ndugu zao walikuwa wamezuiwa kuingia. Chumba namba tisa alikaa mzee mmoja mkimya. Siku moja namvalisha soksi, nikamuuliza alifanya kazi gani. Akasema alikuwa hakimu wa mahakama ileile. Soksi ilinidondoka! Mungu alikuwa ameniletea hakimu aliyevaa pajama!

Akanisimulia maisha yake. Mtoto wa fundi viatu, akasoma kwa shida, akawa wakili, kisha akaamua kesi miaka mingi. Hakuwahi kusoma hukumu bila kumtazama usoni aliyeshindwa. Lakini mtu mmoja hakumtoka moyoni: aliitikia ndiyo kila swali, akashindwa, na baadaye ikajulikana hakuelewa kitu. Mzee alilia, ndugu zangu. Nami nikamwambia ya kwangu.

Tangu hapo, kila nikimpelekea chai ananitega kwa maneno magumu ya sheria. "Umeelewa?" Nikijibu ndiyo ya adabu, anagonga kijiko mezani: "Rudia!" Mwanamke mzima nafundishwa kusema hapana!

Siku ya kesi nilikaa jikoni kwangu, hakimu mwingine kwenye kompyuta. Akaeleza, mkalimani akatafsiri, kisha akauliza kama nimeelewa. Nikasema, "Hapana, mheshimiwa. Na ile siku ya simu pia sikuelewa."

Hakimu akaweka kalamu chini, akaanza upya, taratibu. Mwishowe akaamuru ombi letu lirudishwe uhamiaji, lisikilizwe tena.

Nilipompelekea Mzee habari, akashika fremu yake ya kutembelea, akaanza kuinuka. Nikamkimbilia asianguke, akanikataza kwa mkono. Mtu ambaye zamani akiingia, mahakama nzima ilisimama, alisimama kwa ajili yangu mimi, mvalisha soksi! Ni Mungu gani huyu!

Mipaka ilipofunguliwa, viza ilitoka. Asante Yesu! Wewe uliyeficha barua ya serikali chini ya godoro, mtegemee Mungu wangu, uifungue.

Baba Neema, uko wapi? Acha kujificha nyuma ya nguzo. Simama wakuone.