Siku Tanti Ianthe Alipokalia Kamba

Wasikilizaji wapendwa, habari za asubuhi hapa redioni, kisiwani kwetu Carriacou. Leo tunamkumbuka Alston Quashie. Alston amefariki gerezani, kwa ugonjwa wa figo. Najua wengi mmepumua. Hata mimi nimepumua. Lakini Alston alikuwa mtoto wa mtu, na mama yake anatusikiliza. Kwa hiyo tumseme kwa ukweli, tena kwa upole.

Alizaliwa kijijini Anse Gouyave. Baba yake alikuwa fundi wa mashua. Mama yake ni Ianthe, ambaye sote twamwita Tanti Ianthe, yaani shangazi yetu. "Alikuwa mtundu mwenye huruma," anasema Tanti. "Anakuibia andazi, halafu anakugawia nusu."

Alipokua akaanza kusafirisha kokeini. Akawa na boti za kasi, vijana na bunduki. Alituwekea taa kwenye uwanja wa kriketi. Aliwalipia bibi zetu matibabu ya macho. Tukamshangilia, wasikilizaji. Tulimshangilia sana.

Kisha mvuvi Lennox Steill akaokota mzigo wa kokeini baharini, akaupeleka polisi. Lennox aliuawa mlangoni kwake, mkewe Merle akiona. Sote tulijua ni kazi ya Alston. Sote tulinyamaza.

Polisi walipozikamata boti za kasi, Alston akajenga mashua ya mbao, yenye tanga, kama za babu zetu. Nani angeishuku? Nahodha wake angekuwa Kenrick, mdogo wake, mwana wa mwisho wa Tanti Ianthe. Kenrick hakutaka.

"Basi kataa," mama yake alimwambia.

"Mama, nani wa kumwambia Alston hapana? Wewe?"

Siku ya kuishusha mashua majini ikafika. Mnajua tunavyofanya. Kondoo amechinjwa, ramu imemwagwa, wali na mbuzi viko motoni. Fundi akakata magogo yaliyoiegemeza upande mmoja, mashua ikalala ubavu kwenye mchanga. Sasa inangoja kijiji kizima kivute. Alston, kavaa nyeupe tupu, akapaza sauti: "Haya jamani, shikeni kamba!"

Tanti Ianthe akaenda akaketi juu ya kamba.

"Mama, ondoka bwana. Unafanya watu wanicheke."

"Wacha wacheke. Wewe umeshanipotea. Huyu wa mwisho humpati."

Merle, mjane wa Lennox, akaja akaketi pembeni yake. Akaja mwingine, na mwingine. Mzee Cuthbert, ambaye hajawahi kukataa sahani tangu azaliwe, akaiweka yake chini, nyama ikiwa bado juu. "Cuthbert kaacha nyama!" mtu akasema. "Leo kuna jambo."

Alston akawageukia vijana wake. "Mnatazama nini? Waondoeni!" Lakini vijana hawakusogea. Kamba ile ilikuwa imekaliwa na mama zao.

Mashua haikwenda popote. Kokeini ilikuwa tayari chini ya sakafu yake, na Kenrick alijua. Kenrick ndiye aliyewaita polisi. Alston alikamatwa hapo hapo ufukweni, akiwa na nguo zake nyeupe.

Akiwa gerezani aliapa Kenrick atauawa. Kwa hiyo Kenrick akahama, akaishi mbali, akibadilisha nyumba kila mara. Miaka yote hiyo Tanti Ianthe hakumwona. "Simu ikilia, naiacha ilie kwanza," aliniambia. "Nawaza, mmoja kamuua mwenzake."

Jana Kenrick alirudi. Nilikuwepo aliposhuka kwenye feri. Tanti alimshika uso kwa mikono miwili, akamkagua kama anayenunua samaki.

"Umekonda, wewe. Huko hawapiki?"

"Wanapika, Mama. Hawajui tu."

Alicheka, Tanti, akacheka mpaka akashika ukuta. Halafu akaanza kumlilia yule mwingine.

Tanti Ianthe, Kenrick, poleni sana. Merle, nawe pole, kwa Lennox ambaye hatukumsemea. Wasikilizaji wapendwa, tujiulize kwa nini tulingoja mama mmoja aketi kwanza. Taa za uwanja zilitupendeza, tukaacha kuuliza. Mimi naamini tunaweza kuuliza mapema zaidi.

Mazishi ni Jumamosi, Anse Gouyave. Kenrick amesema atabeba jeneza la kaka yake, upande wa mbele. Mpaka sasa hajapata wa kubeba nyuma. Mimi nitakwenda. Bado nafasi zipo.