Mama Seo Mi-ran, Mbele na Nyuma ya Kamera

"Ombi la Kibali cha Kuweka Kiti Kimoja cha Plastiki Mahali pa Umma kwa Madhumuni ya Kurekodi Filamu": hilo ndilo jina kamili la faili lililokula miezi minane ya mwisho ya mama tunayemzika leo, na familia inaomba litajwe kwanza, maana mwenyewe alikuwa amelihifadhi kama sala.

Mama Seo Mi-ran alizaliwa tarehe 12 Aprili 1966 mjini Busan, Korea Kusini, mtoto wa pili wa muuza samaki, akasoma huko hadi 1984, kisha akajifunza uigizaji Seoul, na kuanzia 1987 akacheza katika filamu kumi na nne, nyingi akiwa mke anayelia dirishani, mpaka alipochoka kuelekezwa alie akitazama upande gani, akashika kamera mwenyewe mwaka 1998 na kuongoza filamu tatu.

Mwaka 2003 alikuja Durban kurekodi mabaharia wa Kikorea bandarini, akahitaji mtu wa kubeba taa, akampata Anaclet, mzaliwa wa Uvira, wakafunga ndoa tarehe 17 Desemba 2005, wakamzaa Lyse mwaka uliofuata, wakaishi mtaa wa Overport humo humo Durban kwa kurekodi harusi na misiba yetu, na wengi mnakumbuka alivyokatiza kilio: "Mama Henriette, pole, rudia kulia, kamera haikuwa tayari," naye Mama Henriette akarudia, vizuri kuliko mwanzo.

Julai 2023 madaktari walisema moyo wake umechoka, naye akasema filamu yake ya mwisho imebakiza picha moja tu, mwanamke ameketi bandarini akingoja meli, na mwanamke huyo ni yeye. Ofisi ya vibali ikataka vipimo vya kiti, kisha rangi yake, kisha barua ya kuthibitisha kwamba hakina injini, na kibali kikatoka tarehe 4 Machi 2024, wakati hata ngazi za nyumbani anapandishwa mgongoni. Anaclet alimsihi, "Mama Lyse, tuache tu." Akajibiwa, "Papa Lyse, beba kamera."

Tunawashukuru madaktari, majirani waliotupikia wiki nzima, wapiga picha wenzake, na karani mmoja aliyepiga simu kuomba radhi kwa niaba ya ofisi nzima. Lala, mama, kazi umeimaliza.

Anaclet ameomba na hili lisomwe. Cheti kinasema alifariki tarehe 6 Machi, saa kumi jioni, alipofikishwa hospitali. Lakini katika kazi zake zote hakuna aliyeruhusiwa kusimamisha kamera ila yeye, basi saa tisa alasiri, alipoinamisha kichwa pale kitini bandarini, Anaclet alidhani anaigiza, akaendelea kurekodi kwa dakika kumi na moja, akingoja mkewe aseme, "Kata."